Beji ya jina ya kuchongwa, baada ya miezi minane kifuani

Nianze na nyota kwa ajili ya wenye haraka. Beji yenye kibanio: nne kati ya tano. Beji hiyo hiyo yenye sumaku: mbili. Mbele zote ni sawa, tofauti iko mgongoni, na kwa kazi yangu tofauti hiyo ni kubwa. Ya sumaku niliivaa miezi mitatu. Ya kibanio huu ni mwezi wa tano, zamu za mchana na za usiku.

Mimi ni muuguzi wa chumba cha kuzindukia. Mgonjwa akishapasuliwa analetwa kwetu akiwa bado na nusukaputi mwilini, na kazi yangu ni kukaa naye mpaka azinduke sawasawa. Naangalia njia ya hewa, nahesabu pumzi, nasoma mashine ya mapigo, natazama bandeji kama inavuja, na katikati ya hayo yote namwita. Nainama karibu na sikio lake nataja jina lake, nanyamaza, nataja tena. Nimefanya hivyo miaka kumi na mmoja. Riziki yangu ni kuita watu majina yao, na ndiyo maana nimeandika mengi kuhusu kipande cha plastiki chenye urefu wa milimita 76 na kimo cha 25.

Jina langu ni Tabu. Anayesoma Kiswahili ameshaona mzigo uko wapi. Mtu yuko kitandani, ana maumivu, ana hofu, anainua macho amwone anayemhudumia, na kifuani pameandikwa Tabu. Nilipokuwa chuoni mwalimu mmoja aliniita pembeni akanishauri nitafute jina jingine la kazini. Aliongea kwa upole, na naamini alinitakia mema. "Wagonjwa wataingiwa na hofu, binti. Tumia hata la pili." Sina la pili. Nikaanza kujiandika T., nukta, jina la ukoo. Kitambulisho cha kwanza cha kazi kikatoka hivyo, cha pili hivyo, miaka ikapita. Wenzangu wakaniita kwa jina la babu yangu, wagonjwa wakaniita nesi au sista, na Tabu akabaki nyumbani kwa mama.

Baadaye nilikuja kujichunguza. Nikiitwa kwa jina la ukoo nilikuwa nageuka kama mtu aliyeitwa dirishani kupokea karatasi zake. Nikiitwa Tabu nageuka kabla sijafikiri.

Kuna jaribio la zamani ninalolipenda linalohusu jambo hilo. Mwaka 1959 mtafiti Neville Moray aliwavalisha watu spika za masikioni. Sikio moja lilisikia maneno ambayo mtu alitakiwa kuyarudia kwa sauti papo kwa papo, na sikio la pili lilisikia maneno mengine ya kupuuza. Yale ya kupuuza yalipotea kabisa, hata yaliporudiwa mara nyingi. Lakini agizo lililotanguliwa na jina la msikilizaji mwenyewe lilipenya mara kadhaa. Mwaka uliofuata Ian Oswald na wenzake wakaenda mbali zaidi: waliwasomea majina watu waliolala usingizi wa kawaida, na waliolala wakaitikia jina lao kuliko majina ya wengine. Usingizi wa dawa si usingizi wa kawaida, sitaki kuchanganya mambo. Ila yeyote aliyekaa chumba cha kuzindukia anajua ninachokisema. Unaweza kumwambia mtu "fungua macho" mara tano, na kope zisitikisike. Mwite.

Tatizo ni: umwite nani?

Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa na mama mmoja aliyechelewa kuzinduka. Hakuwa hatarini, vipimo vyote vilikuwa vizuri, alikuwa amechelewa tu. Nilimwita jina lililo kwenye faili na kwenye utepe wa mkononi, jina refu zuri, na nililitamka bila kosa. Kimya. Nikamgusa bega, nikamwita tena. Kimya. Nikatoka hadi mlangoni, nikamuuliza dada yake aliyekuwa akisubiri. Dada yake akashangaa. "Hilo la karatasini? Hakuna anayemwita hivyo. Sisi tunamwita…" na akataja jina fupi, la silabi mbili, ambalo sitaliandika hapa kwa sababu ni lake. Nikarudi, nikainama, nikalisema mara moja. Akavuta pumzi ndefu akasema "Abee."

Huenda dawa ilikuwa imefikia tu wakati wake wa kuisha, sitadai zaidi ya hapo. Lakini tangu siku hiyo, kabla mgonjwa hajaingizwa ndani, naenda kumwona na kumuuliza: nyumbani unaitwa nani? Jibu naliandika kwenye utepe mweupe nabandika juu ya faili. Utepe wa mkononi unabaki na jina rasmi na tarehe ya kuzaliwa, kwa sababu kumtambua mgonjwa ni kazi nyingine na ina kanuni zake. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa 2007 unataka angalau vitambulishi viwili, na namba ya chumba haihesabiki kuwa kimojawapo. Utepe wa mkononi unamlinda mgonjwa asipewe dawa ya mwingine. Utepe mweupe ni wa kumwita.

Nimekuwa nikiuliza swali hilo kwa miaka, na nilipouliza watu walinitazama kifuani kuona mimi ni nani. Wakakuta T.

Mgonjwa mmoja, mzee aliyewahi kuwa karani, alinijibu jina lake la nyumbani kisha akanyoosha kidole kwenye kadi yangu. "Na hii T ni ya nani, mwanangu?" Nikamwambia. Akatikisa kichwa taratibu. "Mimi nimekupa langu lote," akasema. Zamu ilipoisha nilikaa kwenye benchi la kubadilishia nguo, nikafungua simu, nikaanza kutafuta beji.

Sasa tuje kwenye bidhaa yenyewe.

Kadi yangu ya zamani ilikuwa ile ya kuning'inia kwa kamba shingoni, picha na maandishi yamechapishwa kwa wino. Ina kasoro tatu ambazo kila muuguzi anazijua. Inageuka, kwa hiyo nusu ya siku watu wanasoma mgongo wake. Ukiinama inaangukia kwa mgonjwa, na imepita kila mahali. Na wino unafutika: tunafuta vitu kwa spiriti siku nzima, na baada ya mwaka herufi zinabaki kama kivuli. Kadi ya mwisho ilikuwa imebakiza jina la ukoo bila herufi mbili za mwanzo. Hata ile T ilikuwa imekwenda.

Beji niliyoagiza imetengenezwa kwa plastiki ya tabaka mbili, nyeupe juu na bluu iliyokoza chini. Leza inachonga tabaka la juu mpaka rangi ya chini ionekane, kwa hiyo herufi ni shimo lenye rangi, na hakuna wino wa kufutika. Nimeipangusa kwa spiriti zaidi ya mara moja kila zamu kwa miezi minane, na bado inasomeka kama siku ya kwanza. Kwa hilo peke yake inastahili nyota zake. Kasoro ndogo ni kwamba uchafu unaingia kwenye mitaro ya herufi, hasa ndani ya tumbo la a na la b. Mswaki laini na maji ya sabuni mara moja kwa wiki vinatosha, lakini lazima ufanye. Usipofanya, jina lako litakuwa kijivu.

Fomu ya kuagizia ina mistari miwili. Wa kwanza ni wa jina, wa pili ni wa kazi. Unachagua ukubwa wa herufi, aina yake, na kama ziwe kubwa zote au za kawaida. Hapo ndipo nilipokaa muda mrefu kuliko nilivyotegemea.

Kwanza niliandika TABU, herufi kubwa zote, kwa sababu beji nyingi ninazoziona ziko hivyo. Fomu ikaonyesha picha ya mfano. Niliitazama nikahisi kile ambacho mwalimu wangu alikiogopa. TABU, chini yake MUUGUZI. Ilisomeka kama tangazo la hatari lililobandikwa mlangoni. Nikataka kufunga simu. Kisha nikabadilisha nikaandika Tabu, T kubwa na herufi tatu ndogo. Nikakaa nikiitazama. Katika maandishi yetu kitu pekee kinachotenganisha tabu ya watu wote na Tabu mmoja ni ukubwa wa ile herufi ya kwanza. Ukiandika zote kubwa umefuta tofauti hiyo. Hivyo basi, wenzangu ambao majina yenu ni maneno pia, akina Shida, Mashaka, Sikujua, Chausiku, Subira, Neema: chagueni herufi za kawaida. Fomu haitawashauri hivyo. Mpangilio wake wa mwanzo ni herufi kubwa zote, na hapo nimepunguza robo ya nyota.

Robo nyingine niliipunguza kwa kilichofuata. Kabla ya kuchonga wanakutumia picha ya mwisho uithibitishe, jambo zuri sana. Ya kwangu ilikuja imeandikwa Taabu. Mtu fulani, au programu fulani, alikuwa amenisahihisha. Najua kamusi inaandika taabu kwa a mbili, na tabu ipo pia. Lakini jina halisahihishwi kwa kamusi. Mama yangu aliniandikisha kwa herufi nne, nimetia sahihi herufi nne maisha yangu yote, na a ya ziada inanifanya kuwa mtu mwingine anayefanana nami. Niliwajibu kwa mstari mmoja. Wakarekebisha siku hiyo hiyo wakaomba radhi, na tangu hapo nimeona wanauliza kabla ya kugusa chochote. Kwa hiyo thibitisha picha yako kwa macho mawili, na mpe mwenzako aisome pia.

Mwenzangu aliyeagiza pamoja nami alipata makubwa zaidi. Jina lake lina ng', ile ya ng'ombe na ng'ambo. Fomu ilikataa kile kialama cha juu. Haikumwambia imekataa, ilikiondoa tu, na kwa kuwa alikuwa na haraka akathibitisha. Beji ikaja na ng ya ngoma. Asiyejua atasema ni nukta tu. Sisi tunajua kuwa ng'oa ni kung'oa kitu na ngoa ni wivu, na anayesoma ile beji kwa sauti anamwita mtu ambaye hayupo. Wagonjwa watatu walimwita hivyo siku ya kwanza. Alivyoniambia, alijisikia kama amevaa koti la mtu. Kosa likiwa limetokana na fomu, walimchongea nyingine bila maswali, ila alilazimika kuwaandikia barua pepe kwa sababu fomu bado ilikataa. Mpaka ninapoandika haya, bado inakataa.

Nilipomwonea huruma alicheka akanionyesha pasipoti yake. Ukurasa wa picha, chini kabisa, kuna ile mistari miwili inayosomwa na mashine, kila mmoja una nafasi 44. Kanuni ya kimataifa ya mistari hiyo inaruhusu herufi za A hadi Z, tarakimu na ile alama ya mshale mdogo ya kujazia nafasi, basi. Kialama cha ng' huondolewa. Juu kwenye ukurasa jina lake limeandikwa sawasawa, chini mashine inasoma jingine, na kila anapovuka mpaka ni hilo la chini linaloingia kwenye kompyuta. Amezoea. Lakini mpakani hakuna mtu anayemwita kwa mdomo ili amzindue, na ndiyo sababu kwenye beji hakukubali.

Usomekaji. Niliagiza herufi za jina zenye kimo cha milimita 9 na za kazi milimita 5. Mgonjwa aliyelala anazisoma zote mbili nikisimama pembeni ya kitanda. Nikiwa miguuni pa kitanda anasoma jina tu, na hiyo ndiyo nilitaka. Usiongeze mstari wa tatu. Kuna mwenzetu aliyeweka jina kamili, cheo, shahada na idara, na yote hayo yamebanana mpaka hakuna kinachosomeka bila kumkaribia kifuani, jambo ambalo mgonjwa hawezi na hapaswi kulifanya.

Kwa wanaofanya kazi ndani ya chumba cha upasuaji, beji hii haitawasaidia, maana inafunikwa na gauni. Kwao kofia ni bora. Mwaka 2017 daktari wa usingizi wa Sydney, Rob Hackett, alianza kuandika jina na kazi yake kwenye kofia yake ya upasuaji, na wengi katika nchi nyingine wakamfuata. Sababu yake ni ya usalama: mambo yanapoharibika, "wewe, nipe ile" inapoteza sekunde, kwa kuwa watu wanne wanageuka au hakuna anayegeuka. Orodha ya usalama wa upasuaji ya Shirika la Afya Duniani, ya 2008, inataka kabla ya kisu kugusa ngozi kila aliyemo chumbani ajitambulishe kwa jina na kazi. Nimewahi kuona inafanywa kwa kunung'unika, watu wakitaja majina kama wanahesabiwa. Nimeona pia inafanywa vizuri, na mwanafunzi aliyekuwa amejibanza ukutani akapata sauti ya kusema kwamba hesabu ya pamba haijakamilika. Dakika moja kabla alikuwa ametaja jina lake mbele ya wote, na daktari mkuu alikuwa amemwitikia kwa jina hilo.

Upande wa mgonjwa aliyelifanya jambo hili lisikike ni Kate Granger, daktari Mwingereza aliyekuwa na saratani. Mwaka 2013 alilazwa, akaona kwamba wengi wanaomhudumia hawamwambii wao ni nani. Wanakuja, wanafanya, wanaondoka. Yeye na mumewe wakaanzisha kampeni yenye ombi dogo kabisa: anza kwa kusema jina lako. Alifariki mwaka 2016, akiwa na miaka 34. Nilimsoma zamani nikamkubali kwa moyo wote, na bado niliendelea kuvaa T. Nilikuwa nasema "naitwa nesi wenu wa leo". Nesi si jina. Nilijua.

Zamu ya kwanza na beji mpya nilifika mapema nikavaa koti juu yake mpaka saa ya makabidhiano. Nilipovua, mwenzangu wa usiku aliisoma akasema, "Kumbe Tabu!" kwa furaha, kama mtu aliyekutana na rafiki wa shule. Miaka sita tumepokezana wagonjwa. Akaniita Tabu pale pale, na mwili wangu ulifanya kile unachofanya nyumbani: niligeuka kabla ya kufikiri.

Na wagonjwa? Nimewahesabu kichwani kwa kuwa nilitaka kujua. Wengi hawasemi kitu, wanasoma tu, kisha wanalitumia. "Dada Tabu, naomba maji." Wazee wenye umri fulani wanauliza kama nina undugu na Tabu Ley, yule mwanamuziki wa Kongo, na wawili wameniimbia. Wanawake huuliza zaidi kuliko wanaume nilizaliwaje. Nawaambia kwa kifupi, na mara nyingi wao ndio wanaoendelea, wananihadithia jina lao lilitoka wapi: la bibi aliyefariki wiki ile, la mvua, la mtoto aliyetangulia. Hakuna hata mmoja aliyewahi kumhadithia T. habari ya namna hiyo.

Kuna mama mmoja sitamsahau. Alikuwa anazinduka taratibu, macho yanafunguka na kufumba, na nilikuwa nimeinama namwita jina lake la nyumbani. Macho yake yakatulia kwenye beji, iliyokuwa karibu kuliko uso wangu. Akasoma kwa midomo, polepole. "Tabu… imekwisha?"

Nikamwambia, "Operesheni imekwisha, mama. Tabu ni mimi, nipo hapa."

Akanishika vidole viwili, akalala tena, safari hii usingizi wake mwenyewe.

Haikuwa hivyo kwa wote. Baba mmoja, binti yake akiwa bado ndani, aliniomba kwa heshima niivue kabla binti hajaletwa. Alisema nyumba yao imepitia mengi mwaka huo, hataki neno hilo liwe la kwanza mtoto kuliona. Niliivua nikaiweka mfukoni. Sijutii. Utulivu wa mgonjwa unatangulia changu, na yule baba alikuwa akilinda kilicho chake. Lakini saa ile beji ikiwa mfukoni nilijiona nimerudi kwenye benchi la chuo, na nilipoirudisha kifuani mikono yangu haikuwa imara. Jina ni lako, ila wanaolitumia ni wengine, na kila mmoja analisikia na masikio yake. Binti yule aliniita sista, akazinduka vizuri, akaenda wodini.

Sasa sumaku, na hapa naomba wenye kazi kama yangu wasome kwa makini.

Beji niliyoanza nayo ilishikwa na sumaku: kipande kimoja mbele ya nguo, kingine chenye sumaku ndogo za neodimiamu ndani ya nguo. Raha yake ni kwamba haitoboi sare. Inashika kwa nguvu, haipindi, inakaa sawa siku nzima. Kwa karani wa mapokezi, mwalimu au mhudumu wa benki ningempa nyota tano. Lakini mimi nainama juu ya vifua vya watu, na baadhi yao wana pesimeka, kile kifaa cha kuongoza mapigo ya moyo. Sumaku yenye nguvu ikikikaribia sana, kwa kawaida huacha kuusikiliza moyo na kupiga kwa mwendo mmoja usiobadilika. Kwa vifaa vile vinavyoushtua moyo ukienda mrama, mara nyingi sumaku inazuia mshtuko usitoke maadamu iko pale. Madaktari wa usingizi wenyewe huitumia sumaku hivyo kwa makusudi, wakiwa na mashine na wanajua wanachokifanya. Beji ya muuguzi anayenong'ona sikioni haina makusudi hayo. Ushauri wa kawaida ni kuweka sumaku kama hizi umbali wa angalau sentimita 15 na kifaa, na mimi nikiinama kuita jina, beji inakuwa karibu zaidi ya hapo.

Onyo hilo lilikuwemo ndani ya boksi, limeandikwa kwa herufi ndogo mno kwenye karatasi ya maelekezo. Kwenye ukurasa wa kuagizia halikuwepo, na kwa hilo nimekata nyota nzima. Nilipolisoma nikawa navua beji kila nikipokea mgonjwa mwenye kifaa, kisha nasahau kuivaa, na wiki mbili nzima mara kwa mara nilikuwa sina jina kabisa. Tena kile kipande cha ndani kiliwahi kuchomoka nilipokuwa namgeuza mgonjwa, kikaangukia shukani. Nilikipata, lakini nilikitafuta moyo ukidunda. Na kama unakwenda kwenye chumba cha picha za MRI, ambako mashine yenyewe ni sumaku kubwa, hiyo si ya kuingia nayo hata mlangoni.

Nikaagiza ya pili, yenye kibanio. Kinauma ukingo wa mfuko wa kifuani, hakitoboi, hakina sumaku. Kasoro yake: beji inainamia mbele kidogo, hivyo mgonjwa aliyelala anaiona vizuri kuliko aliyesimama mbele yangu, jambo ambalo kwangu ni faida. Kibanio kimelegea kidogo baada ya miezi mitano, nikakibana kwa koleo. Bado kinashika. Kuna ya pini pia. Mwenzangu wa ng' anaitumia, hana lalamiko, ila sare yake ina matundu.

Nilipoipeleka nyumbani mama hakuweza kuisoma. Macho yake yana mtoto wa jicho, anasubiri zamu ya kufanyiwa upasuaji. Akaichukua akaipitisha kidole gumba, taratibu, kwenye mitaro ya herufi. T aliipata mara moja. Nyingine alizirudia. Alipofika mwisho akarudi mwanzo. Sikuwahi kumweleza kwamba kazini nilijiita T. miaka yote hiyo, na siku hiyo nikamweleza, pamoja na maneno ya mwalimu. Alinyamaza kidogo. "Siku mbili nilikuwa naita watu wanisaidie," akasema. "Ulipotoka nikaona kuna mtu wa kuniitikia." Kisha akaniuliza kama nimekula.

Kwa hiyo, kibanio, herufi za kawaida, mistari miwili, soma picha ya mwisho mara mbili, na kama jina lako lina ng' usiiamini fomu, waandikie. Ile ya sumaku sikuitupa. Iko kwa mama kwenye mlango wa jokofu, imeshikilia kadi yake ya kliniki ya macho.